Jinsi ya kumsaidia mzee wako aliyekuwa askari kupata stahiki zake

Babu yangu alikuwa na sanduku la bati chini ya kitanda, kule Kibosho. Wajukuu tulikatazwa kuligusa. Siku tulipolifungua, kiharusi kilikuwa kimeshamchukua mdomo, na maswali yote tuliyokuwa nayo hakuweza kuyajibu tena. Ndani mlikuwa na nishani iliyofungwa kwenye leso, picha mbili za vijana waliovaa kofia za chuma, na karatasi moja iliyokunjwa mara nne, ikakaa hivyo miaka mingi mpaka mikunjo ikakatika. Namba yake ya jeshi iliangukia palepale kwenye mkunjo. Tarakimu mbili za mwisho hazikusomeka.

Tarakimu hizo mbili zilituzungusha mwaka na nusu. Alifariki kabla hatujazipata.

Tangu hapo nimekuwa nikikaa na wazee wa mtaa wetu hapa Majengo, Moshi, kupanga karatasi zao, na mara nyingine ndugu wa Arusha huniita nikawasaidie wa kwao. Nililojifunza ni hili: nchi yetu inayo milango ya kumtunza aliyeipigania, ila kila mlango unafunguliwa kwa karatasi, na karatasi hizo zinashikwa na mtu ambaye kila mwaka anasahau kidogo zaidi. Kijana aliyekuwa na miaka 20 mwaka 1978 alizaliwa 1958. Piga hesabu mwenyewe. Kazi inaanza na wewe, mtoto au mjukuu, na inaanza akiwa bado anakumbuka.

Hatua ya 1: Jua alikuwa askari wa namna gani

Kwetu sisi raia, aliyevaa gwanda ni mwanajeshi, basi. Ofisini wanatenganisha, na ukikosea hapa utapanga foleni isiyo yako miezi mizima.

Kuna askari wa kudumu wa JWTZ, jeshi lililoundwa tarehe 1 Septemba 1964 baada ya maasi ya Januari mwaka huohuo. Aliyetumikia mpaka akastaafu kwa pensheni analipwa na Hazina, chini ya Wizara ya Fedha. Hayuko PSSSF wala NSSF. Nimeona familia zikienda na kurudi kwenye mifuko hiyo kwa nauli ya kukopa, na jina la mzee halimo kwa sababu halikuwahi kuwamo. Wapo pia walioondoka mapema wakapewa kiinua mgongo mara moja. Hao hawana cha kila mwezi, na ni vizuri kulijua hilo kabla ya kuanza kudai.

Kuna mgambo. Hapa ndipo wazee wengi wa vijijini kwetu wanapoangukia, Kilimanjaro na Meru pia. Idi Amin wa Uganda alipoingia Kagera mwishoni mwa Oktoba 1978, jeshi letu lilikuwa na askari wasiofika 40,000. Kwa wiki chache tu inakadiriwa walipita 150,000, na kati ya hao kama 40,000 walikuwa mgambo, mbali na polisi, magereza na JKT. Walikuwa wakulima wa kahawa, madereva, vijana waliokuwa wametoka tu shule. Wakapewa mafunzo, wakapanda magari, wakavuka mpaka. Vita vilipoisha Juni 1979 walirudi kwenye vihamba vyao. Utumishi huo peke yake hauwapi pensheni ya kila mwezi. Mwambie mzee wako ukweli huo kwa heshima, usimjengee matumaini ambayo hutaweza kuyalipa. Yapo mambo mengine anayoweza kupata, nitayafikia.

Kuna waliopitia JKT, iliyoanzishwa Julai 1963, na baadhi yao nao walifika Kagera.

Na kuna Keya, waliopigana chini ya Waingereza hadi Burma. Waliobaki hai ni wachache mno. Jenerali David Msuguri, aliyeanzia huko mwaka 1942 na baadaye akaongoza vita dhidi ya Amin, alifariki Oktoba 2024 akiwa na miaka 104. Lakini wajane wa Keya bado wapo. Kama bibi yako ni mmoja wao, jua kwamba upo umoja wa mashirika ya askari wastaafu wa Jumuiya ya Madola, ulioanzishwa mwaka 1921, ambao husaidia waliotumikia Taji la Uingereza kabla ya uhuru pamoja na wajane wao. Tunza cheti chake cha ndoa kama yai.

Hatua ya 2: Fungua sanduku mkiwa pamoja

Hii ndiyo hatua nitakayokaa nayo zaidi, kwa sababu zote zinazofuata zinaitegemea.

Usiende na daftari siku ya kwanza. Nenda na sukari na majani ya chai. Msalimie, kaa, muulize habari za ng'ombe na za mguu. Siku ya pili au ya tatu ndipo umwombe: "Babu, ningependa uniandikishe mambo yako ya jeshini, ili siku moja watoto wangu wayajue." Nimegundua wazee wanakubali upesi zaidi wakiombwa kwa ajili ya watoto kuliko wakiombwa kwa ajili ya hela.

Ukimuuliza mwaka, mara nyingi atakujibu kwa tukio. Mzee mmoja wa Pasua nilimuuliza aliingia jeshini lini, akanijibu, "Mjukuu wangu, niliingia mwaka ule mvua ilipobeba daraja letu." Usimkatize na usimlazimishe tarakimu. Andaa matukio yenye tarehe zinazojulikana, kisha muweke kabla au baada ya kila moja. Azimio la Arusha, Februari 1967: ulikuwa umeshaoa? Daraja la Kyaka lilipovunjwa, mwanzoni mwa Novemba 1978: ulikuwa nyumbani au umeshachukuliwa? Masaka ilipotekwa, Februari 1979: ulikuwepo, au uliisikia redioni? Mkutano wa Waganda hapahapa Moshi, tarehe 24 hadi 26 Machi 1979, ule uliounda UNLF ya kuchukua serikali baada ya Amin: uliusikia ukiwa wapi? Kampala ilianguka tarehe 11 Aprili 1979. Ulikuwa unatembea kwa miguu au ulipakiwa gari? Kwa njia hii nimeweza kupata hata mwezi wa kuandikishwa kwa mzee aliyedai hakumbuki kitu.

Haya ndiyo ya kuandika, na uyaandike kwa kalamu ya wino kwenye daftari gumu:

- Majina yote aliyowahi kutumia, kwa tahajia ya kwenye kila karatasi
- Namba ya jeshi, cheo cha mwisho, kikosi na brigedi
- Mahali na mwaka wa kuandikishwa, mahali pa mafunzo
- Mwaka wa kutoka, na alitokaje: kustaafu, kuumia, kumaliza mkataba, au kurudishwa nyumbani baada ya vita
- Majina ya wakubwa wake na ya wenzake wawili watatu walio hai wanaoweza kumshuhudia

Majina ndiyo yanayotuumiza huku kwetu kuliko kitu kingine. Mzee aliandikishwa jeshini kwa jina la ubatizo na la baba. Akarudi kijijini akawa anaitwa kwa jina la ukoo. Akaja kusajiliwa NIDA, mjukuu akamtajia karani jina la tatu, na herufi moja ikaruka. Sasa nchi ina watu watatu, na pensheni ni ya mmoja. Dawa yake ni kiapo cha majina mbele ya wakili au hakimu, kinachoeleza kwamba majina yote hayo ni ya mtu mmoja. Kifanye mapema, mzee akiwa anaweza kutia saini au kuweka dole gumba mwenyewe. Akishafariki, kazi ileile inakuwa ngumu mara kumi.

Karatasi zilizochakaa zipige picha kwa simu juani, asubuhi, pande zote mbili, na uzitume kwa ndugu wawili walio mbali. Usiipeleke ya asili kupakwa plastiki mtaani. Ikijikunja kwenye mashine hakuna ya pili. Itie kwenye bahasha kubwa, bila kuikunja, na bahasha uiweke mbali na paa linalovuja.

Kuna kisa kinachosimuliwa sana kuhusu wazee waliopigana upande wa Wajerumani katika Vita vya Kwanza. Inasemwa kwamba mwaka 1964, Ujerumani Magharibi ilipoamua kuwalipa waliobaki, wazee walikusanyika Mwanza, na wengi hawakuwa na cheti chochote. Basi afisa aliyetumwa na fedha akampa kila mmoja ufagio badala ya bunduki, akatoa amri za gwaride kwa Kijerumani. Hakuna aliyeshindwa. Kisa hicho hunigusa kila nikikikumbuka, kwa sababu babu yangu naye, mdomo ukiwa umeshakufa, bado aliinua mkono wake mzima kupiga saluti redio ikipiga wimbo wa taifa. Ila saluti haiingizwi kwenye kompyuta. Namba ndiyo inayoingizwa.

Hatua ya 3: Gonga mlango unaohusika, kwa barua

Anza na ofisi ya serikali ya mtaa au kijiji kwa barua ya utambulisho. Kutoka hapo, kwa mambo ya utumishi wenyewe, mlango wa jeshi ulio karibu na raia ni Mshauri wa Mgambo wa wilaya. Huyu ni afisa wa JWTZ aliyewekwa kwenye wilaya, na watu wengi hawajui kwamba yupo. Atakuambia ombi lako liende wapi na liandikwe kwa nani. Kwa mambo ya malipo ya pensheni, nenda Hazina Ndogo ya mkoa. Moshi ipo na Arusha ipo. Usimfuate mtu aliye mlangoni mwa kambi, iwe Monduli au kwingineko, ukitegemea akusaidie. Askari wa zamu hana faili la babu yako na unampa kazi isiyo yake.

Uliza pia kama kuna tawi la MUWAWATA, muungano wa wanajeshi wastaafu, karibu nanyi. Wazee wale wanajua njia za mkato zilizo halali, na zaidi ya hapo, mzee wako atakaa na watu wasiohitaji kuelezwa.

Barua iwe fupi na iombe jambo moja. Ukiomba pensheni, matibabu na nishani iliyopotea kwenye ukurasa mmoja, itazunguka meza tatu na haitajibiwa na yoyote. Mfano:

"Mimi ni askari mstaafu mwenye namba ya jeshi iliyotajwa hapo juu. Niliandikishwa mwaka 1971 na kustaafu mwaka 1992 nikiwa na cheo cha sajini. Hati yangu ya kustaafu imeharibika kwa maji. Naomba kuthibitishiwa utumishi wangu kwa maandishi. Naambatisha nakala ya kitambulisho cha taifa, picha ya hati iliyoharibika na barua ya serikali ya mtaa."

Toa nakala mbili. Moja ibaki ofisini, nyingine igongwe muhuri wa kupokelewa, wenye tarehe, mbele ya macho yako. Usiondoke bila muhuri huo. Katika mwaka na nusu wetu, ofisi moja ilituambia mara tatu kwamba haijawahi kupokea barua yetu, na hatukuwa na cha kuonyesha. Ukirudi baada ya mwezi, rudi na nakala yenye muhuri na useme kwa upole, "Nafuatilia barua hii ya tarehe hii." Utaona mtu anavyoinuka kwenda kwenye kabati.

Hatua ya 4: Linda pensheni inayoingia

Mzee anayepokea tayari ana hatari mbili.

Ya kwanza ni uhakiki. Mara kwa mara Hazina hutaka wastaafu wake wajitokeze wenyewe kuthibitisha kwamba wako hai, na asiyejitokeza malipo yake husimamishwa. Sikiliza redio, soma matangazo kwenye ofisi ya mtaa. Kama mzee yuko kitandani, usingoje siku ya mwisho: nenda Hazina Ndogo mapema na barua ya mtaa na ya daktari, uulize utaratibu wa mgonjwa.

Ya pili inaniuma zaidi. Hapa Moshi, na Arusha ni vilevile, wapo wakopeshaji wa kausha damu ambao dhamana yao ni kadi ya benki ya mzee pamoja na namba ya siri. Mwisho wa mwezi mkopeshaji ndiye anayesimama kwenye mashine ya fedha. Nilimkuta mama mmoja, mke wa sajini mstaafu, akinunua dagaa wa jero kwa mkopo dukani, na kadi ya mumewe ilikuwa haijalala nyumbani mwao kwa miaka miwili. Mkopo wenyewe ulikuwa wa ada ya mjukuu. Hatukubishana na yule mkopeshaji. Tulikwenda na mzee benki, mwenyewe kwa miguu yake, akafunga kadi ile na kuomba mpya yenye namba mpya. Kisha tukakaa na mkopeshaji mbele ya mwenyekiti wa mtaa, tukahesabu alichokopesha na alichokwisha kuchukua. Alikuwa ameshajilipa zamani.

Na simu: yeyote anayempigia mzee akijitambulisha kuwa ni wa Hazina, kwamba kuna malimbikizo yanamsubiri ila atume kwanza pesa ya kufungulia faili, ni tapeli. Mfundishe mzee jibu moja tu: "Ongea na mjukuu wangu."

Hatua ya 5: Masikio, mguu na usingizi

Mwili wa askari mzee una mambo yake ambayo daktari kijana huenda asiyaulize. Wengi ni viziwi wa sikio moja au yote mawili. Waliokaa karibu na mizinga, na yale makombora ya BM-21 ambayo Waganda waliyaita Saba Saba, walirudi na mlio masikioni na hawakuwahi kuuambia mtu. Nyumbani tunasema mzee amekuwa mkali, hajibu akiitwa. Mpeleke apimwe masikio kwanza.

Kwa aliyepoteza mguu au anayetembelea mguu wa bandia uliochakaa, sisi wa kaskazini tuna bahati ambayo mikoa mingi haina. Pale KCMC kuna TATCOT, chuo kinachofundisha mafundi wa viungo bandia tangu mwaka 1981, na wanaosoma pale wanatoka nchi nyingi za Afrika. Mguu wa bandia si wa maisha. Kisiki hubadilika, kinapungua au kinavimba, na mguu ukibana huleta kidonda. Ukiona mzee ameanza kuuacha mguu wake kwenye kona na kutumia magongo, usidhani ni uzee. Fungua soksi uangalie ngozi.

Usingizi sasa. Kama anashtuka usiku na kupiga kelele, kama hataki kukaa na mgongo mlangoni, kama siku ya fataki za mwaka mpya anaingia chumbani na kujifungia, usimcheke na usikubali kirahisi wanaosema amelogwa. Ni kidonda, na kina matibabu. Ulizia huduma ya afya ya akili hospitali ya rufaa. Na tafadhali, usiruhusu watoto wamuulize aliua wangapi. Waulize walikula nini, walilala wapi, nani alikuwa rafiki yake. Mzee wa Pasua alinieleza kwa saa nzima jinsi walivyogawana ndizi moja watu watano karibu na Lukaya, na siku hiyo, binti yake aliniambia, alilala hadi asubuhi.

Kuhusu gharama: mzee wa miaka 60 na kuendelea asiye na uwezo anatakiwa kutibiwa bila malipo kwenye vituo vya serikali. Kadi yake inapatikana halmashauri, kupitia Afisa Ustawi wa Jamii, ukiwa na barua ya mtaa na picha. Mawenzi kwa Moshi na Mount Meru kwa Arusha ndizo hospitali za rufaa za mkoa. Ulizia dirisha la wazee. KCMC ina utaratibu wake wa malipo, kwa hiyo pitia kwanza ofisi yao ya ustawi kabla ya kufungua faili.

Hatua ya 6: Kama alikuwa mgambo

Kadi ya matibabu ni yake kama mzee yeyote. Kama kaya ni maskini, lisimamishe jina lake kwenye mkutano wa mtaa pindi mpango wa TASAF unapoandikisha, na usimame wewe useme alikwenda Kagera. Watu huona haya kumpita. Mfikishe kwa Mshauri wa Mgambo atambulike. Tarehe 25 Julai kila mwaka ni Siku ya Mashujaa: ulizia wiki mbili kabla, ofisi ya mkuu wa wilaya, kama kutakuwa na shughuli na wazee wanaalikwaje. Mnyooshee shati. Mpeleke.

Hatua ya 7: Akifariki

Toa taarifa kwa Mshauri wa Mgambo siku hiyohiyo, kabla ya kupanga tarehe ya mazishi, muulize jeshi linashirikije kwa cheo na utumishi wake. Ukingoja mpaka jeneza liko uani, hakuna kitakachowezekana.

Kadi ya benki isiguswe. Najua msiba una gharama na najua mnawaza kwamba pesa ni yake. Pensheni inayoingia baada ya kifo si yake tena, itadaiwa, na aliyeitoa kwa namba ya siri ya marehemu anaweza kujikuta kwenye kesi. Ijulisheni Hazina Ndogo.

Kisha mfuatano ni huu. Cheti cha kifo kutoka RITA, chenye majina yaleyale ya kwenye hati ya pensheni. Kikao cha ukoo kinachopendekeza msimamizi wa mirathi, na muhtasari wake usainiwe na waliohudhuria wote, mjane akiwemo. Maombi mahakamani, kwa familia nyingi ni Mahakama ya Mwanzo, ila kama marehemu aliishi kwa ndoa ya kanisani na kuna mabishano ifuatwe sheria gani, muulize karani kabla hamjalipa chochote. Msimamizi akishateuliwa, ndiye anayebeba barua ya mahakama kwenda kufuatilia stahiki za warithi, na ana miezi minne ya kurudisha mahakamani orodha ya mali na hesabu za mgawanyo, fomu namba 5 na namba 6. Wengi hupata barua ya usimamizi wakadhani wamemaliza.

Chagueni msimamizi anayeishi karibu na mjane. Kaka mkubwa aliye Dar es Salaam anafaa kwa ushauri, lakini atakayeitwa Jumanne saa tatu asubuhi kuweka saini ni lazima awe mtu wa hapa.

Nishani msimzike nayo, na msiipe mtoto achezee. Yetu iko kwenye leso ileile, ndani ya bahasha ngumu, na juu ya bahasha nimeandika jina lake kamili, kikosi chake, na namba yake ya jeshi mpaka pale inapokatika, nikaacha nafasi mbili tupu.